Eddie Robinson wa Grambling: Ushindi 408 na Gharama ya Kufunguliwa Milango

Futiboli ya Kimarekani ni mchezo wa mpira wenye umbo la yai ambao, licha ya jina lake, hubebwa mikononi na kurushwa zaidi kuliko kupigwa kwa mguu, na katika historia yake ni makocha wachache ambao takwimu zao zimenukuliwa mara nyingi kama zile za Eddie Robinson wa Grambling, chuo kilichoko kaskazini mwa jimbo la Louisiana. Tangu mwaka 1941 hadi 1997 Robinson aliifundisha timu hiyo moja tu, akashinda mechi 408, akapoteza 165 na kutoka sare 15, na zaidi ya wachezaji 200 waliopita mikononi mwake wakaingia katika futiboli ya kulipwa. Takwimu hizo hazina mgogoro, lakini hazielezi ushindi huo ulipatikana katika mazingira gani, wala kwa nini mazingira hayo yalitoweka kocha akiwa bado kazini. Robinson alipata vipaji vyake kwa sababu sheria za ubaguzi ziliwafungia vijana Weusi milango ya vyuo vingine. Alitumia maisha yake kuthibitisha kwamba milango hiyo haikuwa na sababu ya kufungwa. Na ilipofunguliwa, chuo chake kikawa miongoni mwa vilivyolipa gharama. Urithi wake hauna budi kupimwa kwa kuyatazama mambo hayo matatu kwa pamoja.

Kwanza yafaa kueleza jambo ambalo humshangaza mgeni wa michezo ya Marekani. Katika nchi hiyo timu za vyuo vikuu si burudani ya wanafunzi ya Jumamosi alasiri. Ni taasisi zenye viwanja vya kuchukua makumi ya maelfu ya watazamaji, mapato ya televisheni, na makocha ambao katika majimbo mengi hulipwa kuliko gavana. Wachezaji, kwa upande wao, kwa muda mrefu hawakuruhusiwa kulipwa chochote zaidi ya ufadhili wa masomo, na ligi ya kulipwa, yaani NFL, huchagua wachezaji wapya kutoka vyuoni kila mwaka kwa utaratibu wa uteuzi ambao timu dhaifu hutangulia kuchagua. Hivyo kocha wa chuo ndiye mlinzi wa lango la kuingilia katika futiboli ya kulipwa. Katika majimbo ya Kusini, ambako sheria zilizojulikana kama Jim Crow ziliwatenga Weusi na Wazungu shuleni, hotelini na hata kwenye mabomba ya maji ya kunywa, kulikuwa na malango mawili, na lile la Weusi lilikuwa kwenye vyuo vilivyoanzishwa kwa ajili yao, vyenye bajeti finyu na viwanja vya hali ya chini.

Robinson alizaliwa tarehe 13 Februari 1919 katika mji mdogo wa Jackson, Louisiana, baba yake akiwa mkulima aliyelima shamba la mtu na kugawana naye mavuno, na mama yake akifanya kazi za ndani. Familia ilipohamia Baton Rouge, mji mkuu wa jimbo, kijana huyo alikulia karibu na Chuo Kikuu cha Jimbo la Louisiana, kijulikanacho kama LSU, ambacho kwa rangi yake hangeweza kusoma wala kuchezea. Alisoma Chuo cha Leland, chuo kidogo cha Weusi, akacheza kama kwotabeki, yaani mchezaji anayeupokea mpira mwanzoni mwa kila shambulizi na kuamua aurushe au ampe mwenzake akimbie nao. Alipohitimu aliajiriwa katika kiwanda cha kusaga chakula cha mifugo kwa senti 25 kwa saa, mpaka aliposikia kwamba kulikuwa na nafasi ya kocha katika chuo cha ualimu cha Weusi kule Grambling. Mkuu wa chuo hicho, Ralph Waldo Emerson Jones, ambaye pamoja na uongozi alikuwa pia kocha wa besiboli, alimwajiri akiwa na umri wa miaka 22.

Mshahara ulikuwa dola 63.75 kwa mwezi, na kazi zilizoambatana nao hazikuishia kwenye ufundishaji. Robinson alichora mistari ya uwanja kwa mkono wake, akawafunga wachezaji bandeji, akaandika taarifa za mechi na kuzipeleka magazetini, na kwa kuwa mikahawa ya njiani haikuwahudumia watu Weusi, akatengeneza mikate ya kula safarini. Simulizi moja ya miaka ile ya mwanzo hurudiwa na kila aliyeandika habari zake: mzazi aliwarudisha wanawe nyumbani kwa sababu pamba ilikuwa imeiva shambani, na kocha, badala ya kubishana naye, aliichukua timu nzima wakaenda kuchuma pamba mpaka kazi ikaisha, vijana wakaachiwa warudi uwanjani. Huenda simulizi hiyo imeongezwa chumvi kadiri ilivyopita midomoni mwa watu. Hata hivyo inaonyesha vizuri aina ya uchumi uliowazalisha wachezaji wa Grambling, kwani mshindani wa kwanza wa kocha hakuwa kocha mwenzake, alikuwa shamba la pamba.

Msimu wa kwanza ulimletea ushindi wa mechi 3 na kushindwa mara 5. Msimu wa pili, mwaka 1942, timu ilishinda mechi zote 9 bila kufungwa hata pointi moja, jambo ambalo katika mchezo huu ni nadra mno. Vita Kuu ya Pili ikasimamisha michezo chuoni katika misimu ya 1943 na 1944, na ndiyo maana miaka yake 57 ya utumishi huhesabiwa kuwa na misimu 55. Baada ya vita likaja tukio lililobadilisha hadhi ya chuo: mwaka 1949 mkimbiaji wake Paul Younger, aliyeitwa kwa utani “Tank”, yaani kifaru, alisajiliwa na Los Angeles Rams na kuwa mchezaji wa kwanza kutoka chuo cha Weusi kuingia NFL. Robinson alimweleza waziwazi kwamba akishindwa hatakuwa ameshindwa peke yake, kwa maana timu nyingine zingepata kisingizio cha kutofuata njia hiyo kwa miaka mingi. Mzigo huo, wa kijana mmoja kubebeshwa sifa ya vyuo vyote vya watu wake, aliwatwisha wachezaji wake wengi, na ni haki kuuliza kama ulikuwa halali. Younger aliubeba.

Kuanzia hapo Grambling ikawa kisima. Willie Davis, aliyeteuliwa mwaka 1956, akawa nahodha wa safu ya ulinzi ya Green Bay Packers chini ya kocha Vince Lombardi. Willie Brown, ambaye hakuna timu iliyomteua, akawa mmoja wa walinzi bora wa zama zake. Charlie Joiner akacheza kama mdakaji hadi miaka ya 1980. Wote watatu waliingia katika Ukumbi wa Mashujaa wa futiboli ya kulipwa, pamoja na wa nne, Buck Buchanan, ambaye habari zake zinastahili kutazamwa kwa karibu zaidi. Buchanan, jitu la zaidi ya mita 2, alikulia Birmingham, katika jimbo la Alabama, na alimaliza sekondari wakati uleule ambao Paul “Bear” Bryant alikuwa amekabidhiwa timu ya Chuo Kikuu cha Alabama, kilicho umbali wa saa moja tu kwa gari. Bryant alikuwa kocha mashuhuri kuliko wote wa Kusini, lakini chuo chake hakikuruhusu wachezaji Weusi, kwa hiyo kijana mwenye kipaji adimu kuliko wengi jimboni alilazimika kuvuka jimbo zima la Mississippi hadi Grambling. Mwaka 1963 akawa mchezaji wa kwanza kabisa kuchaguliwa katika uteuzi wa ligi ya AFL, iliyokuja kuungana na NFL. Robinson hakumshinda Bryant katika kumwania Buchanan. Sheria ilimwondoa Bryant kwenye ushindani, na hilo ndilo lililotokea kwa vijana wengi katika majimbo yote ya Kusini.

Kukiri ukweli huo si kupunguza kazi ya kocha, kwa sababu vyuo vingine vya Weusi vilikuwa na fursa ileile na havikuitumia kwa kiwango hicho. Mbinu zake za uwanjani hazikuwa za ajabu: kwa miaka mingi alitegemea mfumo wa Wing-T, ambao huwahadaa walinzi kwa kuwazungusha wakimbiaji kadhaa kwa wakati mmoja bila kuonyesha ni yupi aliyebeba mpira, na zoezi moja lilirudiwa hadi kila mtu alifanye bila kufikiri. Kilichomtofautisha ni kuyatawala maisha ya kijana nje ya uwanja. Alfajiri alipita mabwenini akigonga kengele kuwaamsha kwenda darasani, Jumapili aliwahimiza kwenda kanisani, aliwafundisha jinsi ya kuketi mezani kwenye karamu ya watu wa heshima, kufunga tai na kujibu maswali ya waandishi wa habari. Alipenda kusema kwamba kila mchezaji afundishwe kana kwamba ndiye atakayemwoa binti wa kocha. Malezi ya namna hiyo yana harufu ya ubwana, na msomaji wa leo huenda akayaona kuwa yanamtaka mtu Mweusi athibitishe ustaarabu wake mbele ya Mzungu. Lakini wazazi waliompeleka mtoto Grambling walikuwa wanatafuta malezi hayohayo.

Umaarufu wa chuo nje ya Louisiana ulikuwa pia kazi ya watu wengine ambao majina yao husahaulika. Jones aliongoza chuo hadi mwaka 1977 na akaiachia futiboli nafasi ambayo wakuu wengine wangeiogopa. Collie Nicholson, ofisa habari wa michezo aliyewahi kuwa mwandishi wa habari wa vita katika jeshi la wanamaji, alisambaza habari na picha kwa magazeti ya Weusi kote nchini mpaka jina la Grambling likajulikana Chicago na New York. Mwaka 1968 timu ilicheza na Morgan State katika uwanja wa Yankee, New York, mbele ya watu zaidi ya 60,000. Mwaka 1974 pambano la kila mwaka dhidi ya mahasimu wao, Chuo cha Southern, liligeuzwa kuwa sherehe ya Bayou Classic mjini New Orleans. Na mwaka 1976 Grambling na Morgan State wakaenda kucheza Tokyo. Bendi ya chuo, ambayo wapo waliokata tiketi kwa ajili yake tu, ilikuwa sehemu ya biashara hiyo. Chuo cha kijijini kisicho na uwanja wa maana kikajiendesha kwa kusafiri, kikicheza katika viwanja vya watu na kugawana mapato ya mlangoni.

Mchango mkubwa kuliko wote wa Robinson, hata kuliko ushindi 408, ulikuwa katika nafasi ya kwotabeki. Hadi miaka ya 1960 timu za kulipwa zilikuwa zimewakubali Weusi kama wakimbiaji, wadakaji na walinzi, lakini nafasi zilizodhaniwa kuhitaji akili na uongozi ziliachiwa Wazungu, na kwotabeki Mweusi aliyetoka chuoni, hata awe hodari namna gani, alihamishiwa nafasi nyingine mara tu alipowasili kambini. Robinson alilichukulia jambo hilo kama tatizo la maandalizi: mchezaji asiyeweza kukataliwa kwa kisingizio chochote anaweza kutengenezwa. James Harris, kijana wa Monroe, mji ulio jirani na Grambling, aliandaliwa kwa miaka 4 katika urushaji wa mpira wa mtindo wa timu za kulipwa, akakataa kabisa kubadilishiwa nafasi, na baada ya kuteuliwa na Buffalo Bills katika raundi ya 8 mwaka 1969, akawa Mweusi wa kwanza kuanza kama kwotabeki katika mechi ya ufunguzi wa msimu. Kocha alikuwa amemwonya kwamba asirudi nyumbani na kulaumu ubaguzi, kwa kuwa alijua tangu mwanzo kwamba ubaguzi ungekuwapo. Onyo hilo ni kali, na pengine si la haki, lakini limejaa ujuzi wa mtu aliyeijua nchi yake.

Baada ya Harris alikuja Doug Williams, aliyeteuliwa na Tampa Bay katika raundi ya kwanza mwaka 1978 na ambaye, tarehe 31 Januari 1988, aliiongoza Washington kuifunga Denver 42–10 katika Super Bowl, yaani fainali ya NFL. Katika robo ya pili pekee alirusha pasi 4 zilizozaa mabao ya pointi 6 kila moja, akamaliza mechi na yadi 340 za pasi na tuzo ya mchezaji bora. Hakuna Mweusi aliyewahi kushinda fainali hiyo katika nafasi hiyo kabla yake. Ndani ya miaka 20 hoja iliyodumu kwa vizazi ilikuwa imekosa pa kusimama, na vijana wawili walioidhoofisha zaidi walikuwa wametoka katika chuo kimoja.

Siasa zake, hata hivyo, ziliwagawa watu. Robinson hakuandamana. Wakati wanafunzi wa Kusini walipokuwa wakikaa kwenye mikahawa ya Wazungu kwa makusudi ili wakamatwe, yeye aliendelea kuhubiri bidii, nidhamu na uzalendo, akiamini kwamba Marekani humlipa anayejituma. Mwaka 1967 wanafunzi wa Grambling wenyewe waligoma wakidai kwamba chuo kilikuwa kinatukuza michezo na kupuuza taaluma, na baadhi yao wakafukuzwa. Madai yao hayakuwa ya utovu wa adabu: chuo cha umma kinachojulikana kwa bendi na mabao kuliko kwa maktaba kilikuwa na sababu ya kujitazama. Watetezi wa kocha hujibu kwamba alichokifanya kwa Younger na Harris kilikuwa harakati za aina yake, na jibu hilo lina uzito, ingawa halijibu swali la wale wanafunzi ambao hawakucheza futiboli.

Mabadiliko yenyewe yalikuja haraka kuliko ilivyotarajiwa. Kentucky ilimchezesha Mweusi wa kwanza katika ligi ya vyuo vikubwa vya Kusini-Mashariki mwaka 1967. Septemba 1970 timu ya USC kutoka California, yenye nyota wengi Weusi, ilikwenda Birmingham na kuifunga Alabama 42–21, huku Sam Cunningham akikimbia yadi 135 mbele ya mashabiki wasiozoea kuona jambo kama hilo nyumbani kwao. Hadithi kwamba mechi hiyo ndiyo iliyofungua milango ya Alabama imekuzwa mno, kwani Bryant alikuwa amekwisha kumsajili Wilbur Jackson. Lakini baada ya mwaka huo hakuna kocha Mzungu aliyehitaji kushawishiwa tena. Jake Gaither wa Florida A&M, aliyekuwa mshindani mkuu wa Robinson kati ya makocha Weusi, alistaafu mwaka 1969, kabla wimbi halijafika. Robinson alibaki miaka 28 zaidi, akishindania vijana walewale na vyuo vyenye vyumba vya mazoezi ya viungo, ndege na televisheni ambavyo Grambling haikuweza hata kuviota. Mlango nao ulifunguka upande mmoja: wachezaji Weusi walichukuliwa, makocha Weusi hawakuchukuliwa. Ni mwaka 1979 tu ndipo Willie Jeffries alipokuwa kocha mkuu wa kwanza Mweusi katika daraja la juu la vyuo, kule Wichita State, na NFL ya zama za kisasa ilisubiri hadi 1989, Art Shell alipoteuliwa. Hakuna chuo kikubwa cha Wazungu kilichowahi kumwajiri Robinson.

Tarehe 5 Oktoba 1985 Grambling iliifunga Prairie View A&M 27–7 mjini Dallas, na Robinson akawa na ushindi 324, mmoja zaidi ya Bryant, aliyekuwa amefariki mwaka 1983. Wakosoaji walisema kwamba rekodi hiyo ilijengwa dhidi ya vyuo vidogo, na kwamba haifai kulinganishwa na ya mtu aliyepambana na miamba. Hoja hiyo ni ya upande mmoja. Sehemu kubwa ya ushindi wa Bryant ilipatikana katika ligi iliyowafungia nje wachezaji kama Buchanan, na hakuna aliyedai ipunguzwe kwa sababu hiyo. Kama utengano unaitia dosari rekodi ya kocha Mweusi, basi unaitia dosari na ya kocha Mzungu, kwa kuwa wote wawili walicheza katika nusu ya nchi.

Miaka ya mwisho ilikuwa migumu. Ushindi wa 400 ulipatikana Oktoba 1995, lakini msimu huo uliisha kwa ushindi 5 na kushindwa 6, na misimu miwili iliyofuata ilikuwa ya 3 kwa 8. Chuo kilichunguzwa na NCAA, chombo kinachosimamia michezo ya vyuo, na mwishoni mwa 1996 baadhi ya viongozi na wahitimu walitaka kocha aondolewe mara moja. Kelele za umma zikamwezesha kupewa msimu mmoja wa kuagia. Ni rahisi kusema kwamba alikaa mno, na ni kweli kwamba mtu wa miaka 78 hakuwa tena kocha wa mwaka 1955. Hata hivyo timu iliyodorora ilikuwa imekwisha kupoteza chanzo chake cha vipaji, na kocha kijana asingekirudisha chanzo hicho. Doug Williams, aliyemrithi mwaka 1998, alirejesha ubingwa wa ligi yao, lakini si ule mkondo wa wachezaji kuelekea NFL. Robinson alifariki tarehe 3 Aprili 2007 akiwa ameugua Alzheimer, maradhi yanayofuta kumbukumbu, na mwili wake ukalazwa katika jengo la bunge la Louisiana, jimbo lililokuwa limemzuia kusoma LSU.

Hatima ya rekodi yake baada ya hapo ni kisa cha pekee. John Gagliardi, wa chuo kidogo cha Saint John's huko Minnesota, aliipita mwaka 2003, lakini katika daraja la chini. Joe Paterno wa Penn State alifikisha ushindi 409 Oktoba 2011, siku chache kabla ya kufukuzwa kufuatia kashfa ya msaidizi wake wa zamani aliyewadhulumu watoto kingono. Mwaka 2012 NCAA ikafuta ushindi 111 wa Paterno, na Robinson akarudi juu. Mwaka 2015 ukarejeshwa, akashuka tena. Mara zote mbili mabadiliko yalifanyika ofisini, Robinson akiwa kaburini. Tuzo ya kocha bora wa mwaka yenye jina lake hutolewa zaidi kwa makocha wa vyuo tajiri, ilhali mwaka 2013 wachezaji wa Grambling yenyewe waligoma kusafiri kwenda kucheza na Jackson State, wakilalamikia ukungu katika vyumba vyao na safari ndefu za basi.

Kama mfano wa Grambling ungeweza kurudiwa, ishara ilionekana kwenye chuo hicho cha Jackson State. Desemba 2021, nyota wa zamani Deion Sanders akiwa kocha, chuo hicho cha Weusi kilimpata Travis Hunter, aliyehesabiwa kuwa kijana bora kuliko wote nchini. Mwaka mmoja baadaye Sanders aliajiriwa Colorado, na Hunter akamfuata, kwa kuwa kanuni mpya zilikuwa zimewaruhusu wachezaji kuhama bila kukosa msimu na kuuza haki za majina yao kwa wenye fedha. Mwaka 2024, akiwa Colorado, alitwaa Tuzo ya Heisman, ambayo hupewa mchezaji bora wa vyuo vyote. Katika kura za tuzo hiyohiyo, mwaka 1977, Doug Williams alishika nafasi ya nne akiwa mchezaji wa Grambling, baada ya kucheza misimu 4 chini ya Robinson.